Fidia ya kifo cha barabarani Kenya: umalizane na mwenye gari, udai bima, uende kortini au utumie WIBA?

Gari likiua mtu Kenya, familia huwa na njia nne za kufuata fidia. Mara nyingi hushika ile inayobisha hodi kwanza, yaani mwenye gari mwenyewe, na bahasha mkononi, siku mbili kabla ya mazishi. Zile nyingine tatu, yaani bima, korti na WIBA (sheria ya fidia kwa walioumia au kufia kazini), hazibishi hodi. Hutafutwa, na kila moja ina tarehe yake ya mwisho ambayo haingoji matanga yaishe.

| | Mwenye gari | Bima bila kesi | Kesi kortini | WIBA |
|---|---|---|---|---|
| Anayelipa | Mfuko wake | Kampuni ya bima | Bima, na ziada mwenye gari | Mwajiri au bima yake |
| Kiwango | Mnavyopatana | Hadi milioni 3 kwa mtu mmoja | Hesabu ya mahakama, bima ikikoma milioni 3 | Mshahara wa miezi 96 |
| Muda wa mwisho | Hakuna | Usivuke miaka 3 ya kesi | Miaka 3 tangu kifo | Miezi 12 tangu kifo |
| Kosa la marehemu | Mnajadiliana | Hupunguza | Hupunguza kwa asilimia | Kwa kawaida halipunguzi |

Wengi huanza kwa kuuliza ni njia ipi inalipa zaidi. Kuna swali la kutangulia hilo: marehemu alikuwa nani kwa gari lile? Jibu lake hufunga baadhi ya njia kabla hujachagua chochote.

Alikuwa mpita njia, abiria au mfanyakazi?

Sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, inamlazimisha kila mwenye gari awe na bima ya kuwalipa watu wengine, ile watu huiita thadipati. Wengi hudhani kwamba stika ikiwa kwenye kioo basi kila aliyekufa analipwa. Sivyo. Ulinzi wa lazima unamfikia mtembea kwa miguu, mwendesha baiskeli, mtu wa bodaboda aliyegongwa na waliokuwa ndani ya gari la upande wa pili. Abiria wa gari lenyewe analindwa kwa lazima pale tu gari linapobeba watu kwa nauli, au linapombeba kwa sababu ya mkataba wa kazi. Kwa hiyo abiria wa matatu amo. Aliyepewa lifti ya bure na jirani kwenye gari la nyumbani hamo, na vivyo hivyo aliyedandia lori la mchanga. Familia ya mtu wa lifti iulize kama mwenye gari alinunua bima kubwa iliyotaja abiria. Kama hakununua, hukumu itabaki kati yao na mfuko wake.

Kundi jingine lililo nje ni waajiriwa wa mwenye gari waliofia kazini. Dereva wa matatu, makanga wake na utingo wa lori hawalipwi na thadipati ya gari walilokuwa wakilifanyia kazi. Njia yao kwa mwajiri ni WIBA, ile Sheria ya Fidia kwa Majeraha ya Kazini ya mwaka 2007. Lakini gari lao likiwa limegongwa na lingine lenye makosa, thadipati ya hilo lingine inawahusu kama mtu mwingine yeyote.

Makaratasi ambayo njia zote huyataka

Yaanze wiki ya kwanza, maana mengine huwa magumu kupatikana kadiri siku zinavyosonga. Kwanza ni namba ya OB, yaani kitabu cha matukio cha polisi, ya kituo kilichoandikisha ajali, kisha abstrakti ya polisi, ile karatasi yao ya muhtasari wa ajali. Abstrakti ikitoka, isome kabla hujaondoka kaunta. Iwe na namba ya gari, jina la dereva, jina la mwenye gari, kampuni ya bima, namba ya cheti cha bima pamoja na tarehe zake za kuanza na kuisha. Sehemu ya bima ikiachwa wazi, utakuja kuhangaika baadaye kutafuta kampuni ambayo polisi walikuwa nayo kwenye karatasi siku ile ile. Matatu na bodaboda nyingi hukata bima ya mwezi mmoja mmoja, kwa hiyo tarehe ni jambo zito: bima iliyoisha jana yake haimlipi mtu.

Linganisha majina. Jina la marehemu liwe moja kwenye kitambulisho, abstrakti, ripoti ya upasuaji wa maiti, kibali cha mazishi na cheti cha kifo. Wanjiku akiandikwa Wanjiru kwenye karatasi moja, dai litakwama hadi mtu aape kwa hati ya kiapo kwamba ni mtu mmoja. Sababu ya kifo nayo iendane na ajali. Aliyelazwa wiki tatu kisha akafa, na cheti kikaandika nimonia peke yake, bima itasema hakufa kwa ajali. Hapo rekodi za hospitali za tangu siku ya kwanza ndizo huunganisha jeraha na kifo.

Kopi ya rekodi ya gari hutolewa na NTSA, mamlaka ya usafiri na usalama barabarani. Kisheria, aliyeandikwa pale huchukuliwa kuwa mwenye gari hadi ithibitishwe vinginevyo, na Kenya magari huuzwa na kuuzwa tena bila jina kubadilishwa. Wakili makini huwataja wote wawili kwenye kesi, yaani aliyeandikwa na anayelimiliki hasa, pamoja na dereva.

Mengine ni barua ya chifu yenye orodha ya wategemezi, vyeti vya kuzaliwa vya watoto, cheti cha ndoa au ushahidi wa ndoa ya kimila, ushahidi wa mapato, na risiti za mochari, jeneza na usafiri. Mahakama hukubali gharama za mazishi zenye kiasi hata risiti zikipotea, maana kila mtu anajua maiti haizikwi bure, lakini risiti huondoa ubishi. Mashahidi wachukuliwe majina na namba za simu papo hapo. Mama mboga aliyeona ajali ana thamani kuliko polisi aliyefika saa moja baadaye, na mwaka ukipita huenda amehama.

Kumalizana na mwenye gari

Hii ndiyo njia ya haraka kuliko zote: pesa za mazishi, ng'ombe mmoja, pengine ahadi ya karo. Si vibaya kuzipokea. Ubaya uko kwenye karatasi inayokuja nazo. Ikisema familia "imeridhika na haitadai tena", mwenye gari na bima yake wataitoa kortini miaka miwili baadaye. Wakati mwingine aliyetia sahihi ni mjomba ambaye hakuwa na mamlaka ya kumwakilisha marehemu, na karatasi ikaweza kupingwa, lakini kuipinga ni vita vya ziada.

Ukipokea, andika wewe: "Tumepokea shilingi kadhaa kwa ajili ya gharama za mazishi. Hii si fidia kamili na haizuii madai mengine." Asipotaka kuisaini, umeshajua bahasha ile ilikuwa ya nini.

Njia hii inafaa peke yake katika hali chache: gari halina bima, mwenye gari ana uwezo wa kiasi, na yuko tayari kulipa sehemu kubwa papo hapo, kwa maandishi, mbele ya wakili. Ahadi ya kulipa kidogo kidogo bila dhamana huwa haifiki mwezi wa nne. Na ieleweke kwamba maelewano haya hayafuti kesi ya trafiki ya kusababisha kifo kwa kuendesha kwa hatari. Hiyo ni ya Jamhuri dhidi ya dereva.

Kudai bima bila kwenda kortini

Wakili, au familia yenyewe, huandika barua ya madai kwa mwenye gari na nakala kwa kampuni ya bima, pamoja na makaratasi yaliyotajwa. Bima humtuma mpelelezi. Atakuja nyumbani, mpole, na kuuliza marehemu alikuwa akivuka wapi, alikuwa amekunywa, alikuwa akipata shilingi ngapi. Usimdanganye, lakini usisaini taarifa ambayo hujaisoma yote, maana sentensi moja kama "alikuwa akikimbilia ng'ambo" inaweza kukata fidia kwa thuluthi.

Kisha huja ofa. Uzuri wa ofa ni kwamba haina ada za kortini, haina mashahidi, na pesa huweza kufika mapema. Ubaya wake ni kwamba bima inajua familia ina njaa, na ofa ya kwanza hupimwa kwa njaa hiyo. Ukikubali, utasaini dischaji, hati ya kupokea malipo kamili na ya mwisho. Baada yake hakuna kurudi.

Ofa nzuri hupimwa kwa hesabu ya korti, itakayofuata hapa chini. Ikiwa makosa ya dereva hayana ubishi, kwa mfano matatu iliyopinduka yenyewe, na ofa inafika robo tatu ya hesabu hiyo, kuikubali ni uamuzi wa busara. Ikiwa ni thuluthi, fungua kesi. Mazungumzo hayafi kwa kesi kufunguliwa, na ofa nyingi hupanda baada ya bima kuona tarehe ya kusikizwa.

Jihadhari na jambo moja: mazungumzo hayasimamishi miaka mitatu. Bima ikiendelea kuandika "tunalishughulikia dai lako" hadi mwezi wa 37, itakuwa imemaliza kazi yake.

Kwenda kortini

Hapa kuna madai mawili ndani ya kesi moja. La kwanza liko chini ya Sheria ya Marekebisho ya Sheria, Sura ya 26, na ni la mali ya marehemu: maumivu kabla ya kufa, kupotezewa umri wa kuishi, na gharama za mazishi. Fungu hili ni dogo. Kupotezewa umri kwa desturi huzunguka shilingi 100,000, na maumivu hutegemea kama alikufa papo hapo au aliteseka siku kadhaa. La pili liko chini ya Sheria ya Ajali za Vifo, Sura ya 32, na ni la wategemezi. Hilo ndilo lenye pesa.

Wategemezi katika Sura ya 32 ni mke, mume, mzazi na mtoto, na neno mzazi linajumuisha babu na nyanya, mtoto likijumuisha mjukuu. Ndugu hawamo. Dada mdogo aliyesomeshwa na marehemu tangu darasa la kwanza hapati kitu kwa jina lake, hata chifu akimwandika juu kabisa. Tena kesi ni moja tu kwa kifo kimoja. Mke wa kwanza akifungua bila kumtaja wa pili, yule wa pili hawezi kufungua yake. Itabidi aombe kuingizwa, na hapo ndipo familia huanza kupigana huku bima ikitazama.

Kabla ya kufungua, apatikane mwakilishi wa marehemu. Wengi huchukua hati ndogo ya usimamizi, ile mawakili huiita ad litem, ambayo hupatikana haraka kuliko mirathi kamili kwa sababu kazi yake ni moja: kufungua na kuendesha kesi. Haimpi mwenye nayo ruhusa ya kugawa mali. Kesi iliyofunguliwa kwa niaba ya mali ya marehemu kabla hati haijatoka huwa batili, na kosa hili limeua madai mazuri, kwa sababu linapogunduliwa miaka mitatu imeshapita. Tarehe ya hati iwe kabla ya tarehe ya kesi. Hata siku moja ni muhimu.

Bima ipewe notisi ya kesi mapema, salama zaidi kabla ya kufungua, kwa barua iliyopigwa muhuri wa kupokelewa. Bila notisi hiyo, kampuni inaweza kukwepa hukumu ambayo ingepaswa kuilipa.

Sasa hesabu. Chukua fundi mwashi wa miaka 35 aliyekuwa akipata shilingi 30,000 kwa mwezi, mwenye mke na watoto wawili. Mahakama huchukua mapato ya mwezi, mara 12, mara miaka ambayo angeendelea kufanya kazi baada ya kupunguzwa kwa ajili ya misukosuko ya maisha, mara sehemu aliyokuwa akiitumia kwa familia. Tuseme hakimu ametoa miaka 20, na sehemu ya familia kuwa theluthi mbili:

30,000 × 12 × 20 × 2/3 = 4,800,000.

Ongeza laki mbili za fungu la mali ya marehemu na mazishi, inakuwa 5,000,000. Mahakama ikisema alivuka bila kuangalia na kumbebesha asilimia 20 ya lawama, inabaki 4,000,000. Bima italipa 3,000,000, maana ndicho kikomo cha Sura ya 405 kwa mtu mmoja. Milioni moja iliyobaki inadaiwa mwenye gari, na kama mali yake yote ni hilo gari lililobondeka, huenda ikabaki kwenye karatasi.

Theluthi mbili ni ya mtu mwenye mke na watoto. Kwa kijana asiyeoa anayewasaidia wazazi, mara nyingi huwa thuluthi moja. Kwa mtoto wa shule, ambaye hana mapato ya kuzidisha, mahakama hutoa jumla moja kwa kukadiria, na jumla hizo huwa ndogo kiasi cha kuuma. Pasipo ushahidi wa mapato, hakimu hurudi kwenye kiwango cha chini cha mshahara cha serikali kwa kazi ile. Ndiyo maana taarifa za M-Pesa, daftari la kazi au barua ya kontrakta zinaweza kuongeza mara mbili kitakacholipwa. Fundi wetu akikosa vyote hivyo, 30,000 yake itageuka kiwango cha kibarua.

Kesi nyingi za namna hii huanzia kwa hakimu, si Mahakama Kuu. Hakimu mkazi anasikiza hadi milioni 5, na hakimu mkuu hadi milioni 20. Ajali ikiua watu wengi, mahakama huweza kuteua kesi moja ya majaribio iamue lawama ni ya nani, nyingine zikisubiri kuhesabiwa kiasi tu. Familia iliyojiunga mapema hufaidika na kazi ya wengine.

Kosa linalorudiwa sana ni kusubiri kesi ya trafiki iishe. Hakuna haja. Hukumu ya trafiki ikimtia dereva hatiani na rufaa ikaisha, ni ushahidi mkubwa kwa familia, lakini dereva akiachiliwa bado anaweza kushindwa katika madai, kwa kuwa kipimo cha ushahidi ni chepesi zaidi. Nenda ukasikize kesi ile, andika majina ya mashahidi, omba nakala za mwenendo wake, na huku yako iwe imefunguliwa.

Na bima ikikataa kulipa hata baada ya hukumu? Hufunguliwa kesi nyingine dhidi ya kampuni yenyewe, ya kutaka itamkwe kwamba inawajibika kulipa. Notisi ile yenye muhuri ndiyo huibeba kesi hii.

WIBA: hesabu fupi, mlango mwembamba

WIBA haiulizi nani alikuwa na makosa. Inauliza kama marehemu alikuwa mwajiriwa na kama alikuwa kazini. Dereva wa lori akiwa safarini, mlinzi aliyetumwa benki, mhudumu anayepeleka bidhaa kwa pikipiki ya kampuni, wote wamo. Aliyekuwa akienda au kutoka kazini kwa gari lililotolewa na mwajiri naye huhesabiwa yuko kazini. Aliyepanda matatu yake kwenda kazini, hapana.

Wategemezi waliomtegemea kikamilifu hulipwa mshahara wa miezi 96. Kwa fundi wetu wa 30,000, hiyo ni 2,880,000, bila kukatwa asilimia 20 ya kuvuka vibaya. Linganisha na korti: miaka 8 ya mshahara mzima ni sawa na miaka 12 ya theluthi mbili, au miaka 24 ya thuluthi moja. Kwa hiyo:

- Marehemu aliyekaribia kustaafu, ambaye korti ingempa miaka mitano au sita, WIBA inalipa zaidi.
- Kijana mwenye mke na watoto, asiye na lawama, korti inaweza kuipita WIBA kwa mbali, hadi pale kikomo cha milioni 3 kinapoingia.
- Mshahara ukizidi 31,250 kwa mwezi, miezi 96 inavuka milioni 3, na WIBA inakuwa imepita kile ambacho bima ya gari inalazimika kulipa.

Kijana asiyeoa ni kisa cha peke yake. Wazazi waliomtegemea kwa sehemu tu hawapati miezi 96 yote.

Hatua ni hizi. Mwajiri anapaswa kuripoti kifo kwa Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini, ndani ya saa 24 kwa ajali iliyoua. Usimtegemee. Nenda mwenyewe ofisi ya kazi ya kaunti, uliza DOSHS, yaani idara ya Mkurugenzi huyo, na uhakikishe fomu imeingia. Dai likipitisha miezi 12 tangu kifo, linakufa. Mkurugenzi akishakadiria, asiyeridhika ana siku 60 za kupinga kwake, na baada ya jibu siku 30 za kwenda Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Kulipeleka dai la WIBA moja kwa moja kortini ni kupoteza muda, kwani Mahakama ya Juu ilithibitisha mwaka 2019 kwamba lianze kwa Mkurugenzi.

Udhaifu mkubwa wa njia hii uko kwa waajiri wadogo. Sheria inawataka wawe na bima ya WIBA, lakini makanga wengi hawana hata barua ya kazi. Hapo ushahidi ni wa kuokoteza: malipo ya simu ya kila jioni, kitambulisho cha sacco, picha, madereva wenzake.

WIBA inazuia kumshtaki mwajiri kwa madai ya kawaida. Haimkingi mwenye gari la pili. Dereva wa lori aliyegongwa na basi lenye makosa anaweza kuwaachia familia njia mbili kwa pamoja: WIBA kwa mwajiri na kesi kwa mwenye basi. Mahakama itaangalia kilichokwisha kulipwa ili hasara moja isilipwe mara mbili, lakini WIBA ikitoka mapema, familia haitakuwa na njaa ya kukubali ofa mbovu ya bima ya basi. Kwa mwajiriwa, mpangilio huu ndio bora kuliko wote.

Pale gari si la kawaida

Gari la serikali halilazimiki kuwa na bima. Anashtakiwa Mwanasheria Mkuu, na muda ni miezi 12, si miaka mitatu. Ukishinda, huwezi kupeleka madalali wakanadi gari la wizara. Hutolewa cheti cha amri, na wizara isipolipa, Mahakama Kuu huombwa imlazimishe afisa anayehusika. Ni njia ndefu.

Gari lenye namba za nje, mathalani trela la Tanzania au Uganda kwenye barabara ya Mombasa, huwa na Kadi ya Njano ya COMESA (soko la pamoja la mashariki na kusini mwa Afrika), yaani thadipati inayotambuliwa ng'ambo ya mpaka. Tanzania imo kwenye mpango huo ingawa si mwanachama wa COMESA. Namba ya kadi iandikwe kwenye abstrakti, na dai hupitia ofisi ya kitaifa ya mpango huo, ambayo Kenya iko katika shirika la bima la Kenya Re. Trela likishavuka mpaka bila kadi kuandikwa, kulifuatilia ni kazi nyingine kabisa.

Kampuni ya bima ikianguka, kama ilivyotokea kwa Blue Shield iliyowekwa chini ya msimamizi mwaka 2011, malipo husimama. Ikitangazwa kufilisika, Hazina ya Fidia kwa Wenye Bima hulipa, lakini kikomo chake kimekuwa shilingi 250,000, na salio hurudi kwa mwenye gari. Na gari lililogonga likatoroka bila kujulikana halina wa kulipa. Kenya haina mfuko wa kuwalipa waliouawa na gari lisilojulikana. Kwa familia hiyo inabaki WIBA kama alikuwa kazini, NSSF na bima yoyote ya maisha au ya chama. Kwa hiyo kamera za kituo cha mafuta na maduka ya karibu ziulizwe siku ile ile, kabla picha hazijafutwa.

Hundi inaandikwa kwa nani

Madalali wa kesi hufika mochari kabla ya jamaa wengine. Hubeba fomu ya wakili ambaye hujamwona, na mara nyingine hudai "asilimia 30 tukishinda". Sheria ya Mawakili inabatilisha mkataba wa kumlipa wakili pale tu mkishinda. Patana ada kwa maandishi, na ujue kwamba mshindi huwa pia na gharama za kesi anazolipwa na upande wa pili. Gharama hizo zionyeshwe kwenye hesabu yako.

Pesa za bima kwa kawaida hupitia akaunti ya wakili. Omba kwa maandishi nakala ya hukumu au ya maelewano, nakala ya hundi au uthibitisho wa benki kutoka kwa bima, na mchanganuo wa kila kilichokatwa. Bima yenyewe itakuambia ililipa lini na kiasi gani ukiiandikia kwa jina la kesi. Wakili akikaa na pesa, malalamiko hupelekwa Tume ya Malalamiko dhidi ya Mawakili, bila ada.

Hukumu ikishataja fungu la kila mtegemezi, mgao wa watoto walio chini ya miaka 18 haulipwi mkononi. Mahakama huagiza uwekwe kwenye akaunti yenye riba au kwa msimamizi hadi wafikishe umri, na mlezi huomba kutoa sehemu ya karo kwa kuonyesha barua ya shule. Katika hukumu ambayo haikugawa, wakili aombe mgao huo uandikwe kabla hundi haijatoka, hasa pale penye wake wawili au bibi na mkwe wasiosemezana.